Nakala ya Danica

Sehemu ya kumi na nne

Wiki jana tulimwacha Ostoja Vukelja chumba namba ishirini na saba, koti mabegani, mkono mfukoni. Alikuwa anatafuta sigara. Akatoa karatasi.

Wasomaji wengine mmenilalamikia: karatasi tu ndiyo ya kutukatia hadithi? Ndiyo. Sasa sikieni ilikuwa karatasi gani, halafu mseme kama ningeweza kukata pengine.

Ilikuwa karatasi ya mwamuzi.

Juu, jina lake na la mpinzani wake, Gwiji Tibor Halmos wa Hungaria. Katikati, hatua zote arobaini za mchezo wa asubuhi ile. Na chini kabisa, kwa mwandiko wake mwenyewe uliolala kushoto, hatua ya arobaini na moja: ngome kwenda mraba wa c2.

Karatasi hiyo ilipaswa kuwa ndani ya bahasha. Bahasha ilikuwa ndani ya kabati la chuma la mwamuzi, ghorofa ya chini, imefungwa kwa gundi na kutiwa saini na wachezaji wote wawili.

Sasa, kama hujui sataranji, usiondoke, jambo lenyewe ni jepesi. Saa saba mchana muda wa kwanza ulipoisha, ilikuwa zamu ya Ostoja. Mchezo ukikatishwa hivyo, mwenye zamu hachezi ubaoni. Huandika hatua yake kwa siri, akaitia bahashani, akaifunga. Wanakwenda kula. Saa tisa wanarudi, mwamuzi anafungua, anacheza hatua iliyoandikwa, vita vinaendelea.

Na kama bahashani hamna hatua? Aliyeifunga ameshindwa. Hakuna rufaa, hakuna machozi.

"Mungu wangu," alisema Ostoja, akaketi kitandani.

Maana alijua vizuri ni karatasi gani aliyoitia bahashani badala ya hii. Ilikuwa nakala ya Danica.

Wasomaji wa tangu mwanzo mnamjua Danica, mkewe. Miaka ishirini alikaa safu ya mbele ya kila ukumbi akifuma soksi, na kila mchezo wa mumewe akaupanga kwenye madaftari yenye jalada la bluu. Ndiyo maana Ostoja huandika karatasi mbili kila anapocheza: moja ya mwamuzi, moja ya daftari. Ile ya mwamuzi huiandika palepale. Ile ya Danica huiandika mpinzani anapofikiri, na hatua za mwisho humalizia chumbani. Kwa hiyo hatua ya arobaini na moja haikuwemo. Hilo hakuwa na haja ya kujiuliza.

Na chini ya nakala ya Danica, mahali palipobaki weupe, huandika pia maneno machache ya kwake yeye tu.

Danica alikufa miaka minne iliyopita.

Hilo mnalijua ninyi na mimi. Mabwana wa sataranji hawalijui. Wiki mbili baada ya msiba, kwenye lifti ya hoteli moja ya Austria, Mswisi mmoja alimuuliza Ostoja, "Danica hajambo?" Lifti ilikuwa inafika, mlango unafunguka, watu wanasukumana. Ostoja akasema, "Hajambo." Njia ya mwongo ni fupi, wanasema, lakini ya Ostoja ilipita mashindano kumi na tisa. Magoti yanamsumbua, akawa anasema. Hapendi tena safari. Anakusalimia. Wachache waliosikia vingine walidhani wamesikia vibaya, maana mume mwenyewe anasema mzima.

Alitazama saa. Saa saba na dakika ishirini.

Alihitaji nusu pointi tu. Sare! Nusu pointi kwenye mchezo huu wa mwisho, na yeye ni Gwiji, cheo cha juu kabisa cha sataranji. Cheo cha chini yake alikipata akiwa na miaka ishirini na saba, siku alipommaliza bingwa wa Bulgaria kwa hatua kumi na tisa, na magazeti ya Belgrade yakasema huyu atakuwa Gwiji baada ya mwaka mmoja tu, miwili ikizidi. Sasa ana hamsini na mitatu. Mara tatu amekikosa cheo kwa nusu pointi. Mara moja kwa sababu alikuwa na homa, mara moja kwa sababu Mrusi alikuwa Mrusi, na mara moja bila sababu yoyote.

Mlango ukagongwa.

"Fungua, jirani! Mikono imejaa!"

Ostoja akaisokomeza ile karatasi mfukoni, akafungua. Tibor Halmos alisimama pale na vikombe viwili vya kahawa, mrefu, mwenye mvi, ndani ya sweta lake la kijani. Huyu ndiye bingwa wa Hungaria mara tatu, medali nne za timu ya taifa, mshindi mara mbili wa mashindano makubwa ya Uholanzi. Anawaita Waserbia wote jirani, na lugha yao aliijua kwa miaka thelathini ya kucheza huku na kwa kupenda nyama yao ya kuchoma.

"Kahawa yenu ina matope," alisema, akiketi bila kukaribishwa. "Kunywa kabla haijawa udongo."

"Umefuata nini, Tibor? Sisi ni wapinzani mpaka saa tisa."

"Nimefuata usingizi. Nina miaka hamsini na minane, jirani. Nataka kulala kidogo mchana kama mtu mwenye akili. Tazama." Akachora hewani kwa kijiko. "Ukiwa umefunga ngome bahashani, na najua umefunga ngome, usiniambie, mimi nasukuma askari, wewe unamtishia mfalme wangu, shaha, anarudi, shaha tena. Mpaka kesho. Sare."

Ostoja alikunywa kahawa.

"Hata Danica angeiona sare hii bila kuangusha kitanzi cha soksi. Hajambo lakini?"

"Hajambo."

"Magoti?"

"Hivyo hivyo. Anakusalimia."

"Mwambie sijamsahau. Sasa sikia." Halmos akaweka kikombe chini. "Natoa sare. Tunashuka, tunatia saini mbele ya mama mwamuzi, bahasha inatupwa jikoni motoni, na wewe ni Gwiji kabla supu haijapoa."

Bahasha motoni bila kufunguliwa! Ni desturi. Wachezaji wakikubaliana kabla ya saa, hakuna mtu anayejali kilichomo. Cheo chake kilikuwa kimekaa kwenye kiti chake, kimevaa sweta la kijani, kinanywa kahawa. Alichotakiwa ni neno moja.

Neno likafika kwenye meno.

"Nitamwandikia kadi mimi mwenyewe," Halmos aliendelea, akitabasamu. "'Danica, ng'ombe wako hatimaye ametoa maziwa.' Anwani ni ileile?"

Neno likarudi lilikotoka.

"Nipe mpaka saa tisa," alisema Ostoja.

"Nini?"

"Nifikirie. Mpaka saa tisa."

Halmos alisimama taratibu. "Miaka ishirini na sita unaitafuta nusu pointi hii. Nimekuletea mlangoni, na kahawa juu yake, na wewe unataka kufikiria?"

"Tibor, tafadhali."

"Haya. Ofa yangu inasimama mpaka bahasha ifunguliwe. Umenisikia? Nimesema, nimesema." Mlangoni akageuka. "Umekuwa mtu wa ajabu, Ostoja. Zamani ulikuwa unacheka."

Akaondoka na kikombe chake.

Ostoja alibaki amesimama katikati ya chumba. Kilikuwa chumba cha watu wawili, maana mji ule wa maji ya moto hauna vyumba vya mtu mmoja, wagonjwa wa viungo huja na wake zao. Kitanda cha pili alikuwa amekiwekea begi na gazeti. Chini, bustanini, wazee waliofungwa mataulo shingoni walikuwa wanapita na vikombe vyao vya maji ya kiberiti. Wote wawili wawili.

Hakuwa na mtu wa kumuuliza. Kila bwana kwenye mashindano yale alikuja na msaidizi, rafiki, mwanafunzi, hata mama mkwe. Yeye alikuja na ubao wa mfukoni. Angemuuliza nani? Angesema nini? Nimetia bahashani barua ya marehemu?

Alizunguka chumba mara arobaini. Kisha akajikaza kisabuni. Kwani anamwibia nani? Ngome c2 aliiandika, kweli aliiandika, ipo hapa mfukoni. Ni karatasi tu zimebadilishana. Sare ni haki yake, ubao wenyewe unasema sare, Halmos mwenyewe anasema sare. Liwalo na liwe.

Saa nane na dakika thelathini na tano alishuka ngazi kwenda kutia saini.

Na hapo, kwenye mlango wa chumba cha kulia, ndipo mambo yalipoharibika.

"Unashinda!" ilikuwa sauti ya Bodnar.

Bodnar ni msaidizi wa Halmos, mwalimu wa hesabu, mnene, mwenye makombo ya mkate tai nzima. Alikuwa ameinamia ubao mdogo kati ya sahani, na Halmos ameketi mbele yake na uma mkononi.

"Mfalme asirudi nyuma. Aende mbele!" Bodnar alipiga meza. "Kila mtu anamrudisha nyuma kwa woga. Mpeleke mbele, tazama, shaha, mbele, shaha, mbele, na shaha zimekwisha. Ngome yake haina pa kwenda. Tibor, hii imekwisha! Ukishinda unamzidi yule Mrusi wa meza ya kwanza kwa nusu pointi; mkilingana anachukua yeye. Kikombe ni chako!"

Halmos aliutazama ubao kwa muda mrefu. Akasogeza mfalme. Akamrudisha. Akamsogeza tena.

"Kweli," alisema. "Mzuri sana huu, Bodnar. Umeuona lini?"

"Sasa hivi, juu ya supu."

"Basi kunywa supu. Nimeshatoa sare."

"Umefanya nini?"

"Nimemwambia ofa inasimama mpaka bahasha ifunguliwe."

"Ifute! Hajaikubali! Una haki kabisa!"

"Ahadi ni deni, mwalimu."

"Tibor." Sauti ya Bodnar ilishuka, na Ostoja nyuma ya mlango akaisikia kila silabi. "Daktari amesema nini kuhusu macho? Ulisema mwenyewe kwenye gari. Haya ndiyo mashindano ya mwisho. Utaondoka wa pili kwa ajili ya neno ulilolisema juu ya kahawa?"

"Nitaondoka na neno langu. Kikombe kitaniwekea nini, maua? Na huyu mtu hana kitu kingine, Bodnar. Mtazame usoni. Acha achukue."

Loo! Ostoja angegeuka palepale, ningemwelewa. Hakuwahi. Halmos alikuwa amemwona.

"Jirani! Njoo, njoo. Umekuja kutia saini?" Akavuta karatasi ya sare kutoka chini ya sahani, imeshaandikwa, saini yake ipo, wino mweusi. "Kalamu hii hapa. Usimjali Bodnar, anaumwa tumbo."

Ostoja akaishika kalamu. Akaandika O.

Bodnar aligeuza uso, hakutaka kuona. Halmos alikuwa anatabasamu kwa kweli, kama mtu anayempa mwenzake kiti kwenye treni. Angekuwa Mrusi mbele yake, angemwibia. Kulidanganya shirikisho zima la sataranji angeweza pia, na angelala. Lakini mtu huyu alikuwa anakitupa kikombe chake cha mwisho kwa sababu ya neno lake, na neno hilo lilisimama juu ya bahasha isiyo na kitu.

Ostoja akaiweka kalamu.

"Bahasha ifunguliwe," alisema.

Bodnar alimrukia na kumbusu mashavu yote mawili.

Halmos akawa mwekundu. "Umeona ushindi," alisema polepole. "Ee, mbweha wa mto Morava! Nimekuletea sare, na wewe una ushindi bahashani!"

"Sina kitu, Tibor."

"Hana kitu, anasema! Mtu asiye na kitu anakataa cheo? Sawa. Tukutane mezani!"

Ulimi hauna mfupa, na ulimi wa chumba cha kulia hauna hata ngozi. Mhudumu alimwambia mpishi, mpishi akamwambia mtu wa masaji, na saa tisa kasoro dakika tano ukumbi ulikuwa umefurika. Vukelja amekataa sare! Vukelja ana ushindi! Wagonjwa wa viungo walipanda ngazi ambazo hawakuwa wamezipanda tangu wafike. Wazee wa mataulo waliweka dau la soseji wao kwa wao. Mtu mmoja wa redio alikuwa anapuliza kipaza sauti.

"Ostoja! Ostoja!" walipiga makofi alipoingia.

Aliwapita akiangalia zulia. Watu mia tatu wanalitaja jina lako, na katika mia tatu hao hakuna hata mmoja wa kumshika mkono. Upweke wa namna hiyo sijui niuite nini. Mwenye upweke nyumbani kwake angalau ana mlango wa kufunga.

Mwamuzi alikuwa Bi Leposava Terzic, mwanamke mfupi wa miaka sitini, aliyewahi kumtoa nje ya ukumbi mwanawe mwenyewe kwa kupiga chafya mara tatu. Aliiweka bahasha mezani, akawaonyesha saini.

"Saini zenu?"

"Yangu," alisema Halmos.

"Yangu," alisema Ostoja.

"Gwiji Halmos, ofa yako ya sare bado ipo?"

Halmos alimtazama Ostoja kwa hasira, kisha kwa kitu kingine kilichokuwa kinyume cha hasira. "Ipo," alisema. "Mpaka uchane bahasha, ipo. Jirani, mara ya mwisho. Sema ndiyo."

Mimi mwenyewe, ninapoandika hapa, namwambia aseme ndiyo.

"Fungua, mama," alisema Ostoja.

Kisu kidogo kilipita chini ya gundi. Bi Leposava akaikunjua karatasi, akatafuta mstari wa mwisho. Akaigeuza nyuma. Akairudisha mbele. Nyusi zake zikapanda.

"Hatua gani?" mtu alipiga kelele kutoka nyuma. "Cheza hatua!"

"Kimya ukumbini!" Kisha, kwa sauti ya chini, "Bwana Vukelja, hapa hatua zimeishia ya arobaini. Halafu kuna maandishi."

"Ndiyo, mama."

"Kanuni ya mashindano haya inasema kilichomo bahashani kisomwe mbele ya wachezaji wote wawili. Chote."

"Najua."

"Naweza kusema hakuna hatua, tukaishia hapo. Ukiniomba."

Ostoja alifungua mdomo kuomba. Akamwona Halmos amesogeza kiti, sikio limetangulia, mtu mzima aliyenyimwa siri. Mtu huyu ndiye aliyemuuliza habari za Danica kila mwaka, hakuacha hata mwaka mmoja.

"Soma," alisema.

Bi Leposava akavaa miwani. Alisoma kwa sauti ya watu watatu tu.

"'Danica wangu, Tibor anafikiri. Hii ni dakika ya thelathini. Amevaa lile sweta ulilosema linamfanya afanane na kabichi.'"

Halmos akacheka. "Alisema hivyo? Danica alisema hivyo?"

"'Mvua imenyesha tangu juzi. Maji ya hapa yananuka yai, lakini nayanywa, kwa sababu kwenye foleni ya maji watu husemezana. Leo nikipata nusu pointi nitakuwa Gwiji. Nimetafuta kichwani nitampigia nani simu, nikamkumbuka fundi wa redio.'"

Halmos hakucheka tena.

"'Tibor ataniuliza habari zako. Nitamwambia hujambo. Leo ni miaka minne na siku kumi na moja tangu wakuzike, na kila mwezi mimi...'"

Bi Leposava aliishia hapo. Akavua miwani, akaifuta ingawa haikuwa na vumbi.

"Hatua gani?" ukumbi ulipiga kelele. "Hatua! Hatua! Ostoja, waonyeshe!"

Halmos alikuwa amegeuka jiwe. Midomo yake ilihesabu kitu, miaka pengine, au mashindano.

"Nilimtumia kadi," alisema mwishowe. "Krismasi tatu. Nilimtumia chokoleti ya Vienna."

"Nilizipokea."

"Ulizila?"

"Hapana. Ziko kabatini."

Bi Leposava alisimama. Sauti yake ilifika mpaka mlangoni, kavu, ya kazi. "Mchezo wa meza namba mbili. Bahasha haina hatua. Kwa kanuni, Gwiji Halmos ameshinda."

Mngewasikia! Mia tatu wakavuta pumzi, halafu wakaanza kuulizana wote pamoja. Hana hatua? Amesahau? Amelewa? Bodnar alikuwa anarukaruka karibu na dirisha, kikombe tayari kipo machoni pake. Ostoja alichukua kalamu na kutia saini pale wanapotia saini walioshindwa. Pale palikuwa na miaka ishirini na sita, na mara hii ya nne alijua kwamba ya tano haitakuwepo.

Alishangaa kuona hicho hakikumuuma zaidi. Kilichomuuma kilikuwa kimekaa upande wa pili wa meza.

Halmos hakutia saini. Alisimama, akauzunguka ubao, akamwekea Ostoja mkono begani, mbele ya watu wote.

"Yuko wapi?" aliuliza.

"Nani?"

"Danica, mpumbavu wewe. Amezikwa wapi?"

"Kraljevo. Kwao."

"Saa moja kwa gari. Bodnar! Lete gari."

"Gari?" Bodnar alikuja mbio. "Gwiji, kikombe kinatolewa saa kumi na moja! Waziri anakuja!"

"Waziri ana mikono miwili, atakishika. Jirani, simama. Miaka minne nimemtumia salamu mtu aliye kaburini, leo nitampelekea mwenyewe. Utanionyesha kaburi, nitavua kofia, tutarudi. Simama."

Ostoja hakusimama.

"Siwezi kukupeleka, Tibor."

"Kwa nini?"

"Sijui kaburi liko wapi."

Mkono wa Halmos ulibaki begani, lakini uzito wake ulibadilika. "Hujui vipi? Ulimzika wewe."

"Wamemzika wao. Soma tena karatasi. Sikuandika tangu tukuzike." Ostoja aliongea akiutazama ubao, mahali ngome yake ilipokuwa bado imesimama. "Telegramu ilifika asubuhi. Raundi ya tisa. Nilihitaji pointi moja na nusu. Nikaisoma, nikaitia mfukoni, nikaenda kucheza. Nikasema nitaondoka jioni. Jioni nikasema kesho."

"Na ulipata?"

"Nilishinda. Hatua ishirini na sita. Watu walipiga makofi. Ile nusu niliikosa kesho yake."

Halmos akauondoa mkono.

Bi Leposava alikuwa ameshika karatasi ya matokeo hewani, hajui aitazame au amtazame nani. Nyuma yao watu walikuwa wanashuka ngazi wakinung'unika, na mzee mmoja alikuwa analipa soseji zake.

"Nani alimzika?" aliuliza Halmos.

"Dada yake. Mileva. Alisema nikikanyaga pale atanizika mimi kabla jua halijatua. Aliyasema hayo kwa simu, taratibu, bila kupandisha sauti."

"Mji mzima si wake. Tutaingia makaburini, tutatafuta jina."

"Huwezi kuingia usimpitie." Ostoja alimwinulia uso kwa mara ya kwanza. "Lango ni moja, Tibor. Na yeye ndiye anayeuza maua langoni."

Halmos alimtazama kwa muda ambao Bi Leposava, kwa mazoea ya kazi, alijikuta anaupima kwa saa ya mezani. Dakika mbili na sekunde kumi. Kisha akachukua kofia yake.

"Basi tutanunua maua," alisema.